Stelingi Hafi, Fundi Ndiye Anayekufa

Kila aliyewahi kubanana kwenye benchi la kibanda cha video, iwe Manzese au Kisauni, anaijua sheria ya kwanza ya sinema: stelingi hafi. Atapigwa risasi ya bega, atafungwa kamba, atatupwa kwenye mto wenye mamba, na mwisho wa mkanda atatoka na shati limechanika kidogo tu, msichana mkononi. Wanaokufa ni wengine. Anakufa rafiki yake mcheshi, aliyetuonyesha picha ya mwanawe dakika mbili kabla. Anakufa dereva. Anakufa mzee mmoja mwembamba mwenye kofia, aliyetumwa kumtafuta paka. Mtafsiri wa kibandani alimtaja stelingi kwa jina na adui mkuu kwa jina. Waliobaki walikuwa "huyu jamaa", na jamaa akishalala chini habari yake imekwisha.

Leo nataka tuzungumze habari ya jamaa. Kurasa za burudani katika magazeti yetu humzunguka stelingi: nyumba yake, gari lake, ndoa yake iliyovunjika. Sawa, ndiye anayeuza tiketi. Lakini ukitaka kujua kama nchi ina kiwanda cha filamu au ina watu maarufu wachache tu, usimtazame yeye. Mtazame anayefungua mlango, anayepokea simu, anayeuza bunduki, anayezikwa. Kama watu hao wanaijua kazi, na kama wamezeekea humo humo, basi kiwanda kipo.

Mzee wa paka yumo katika filamu ya Alien, iliyotoka mwaka 1979 chini ya mwongozaji Ridley Scott. Anaitwa Brett, ni fundi mitambo katika chombo cha mizigo angani, na neno analolipenda ni moja tu: "sawa". Wenzake wanamtuma akamtafute paka. Anaingia kwenye ukumbi mrefu wenye giza, minyororo inaning'inia, maji yanadondoka kutoka juu. Mtazamaji anajua kuna dude humo. Yeye hajui. Anamwita paka, anaona matone yanaanguka, basi anasimama chini yake, anainua uso na kuacha maji yampoze. Hasemi kitu. Haonyeshi hofu, maana hana sababu ya kuogopa; ni mtu wa zamu aliyechoka na amepata pa kujipoza. Kisha dude linamchukua.

Nimewaona watu wazima wakishika mikono ya viti katika tukio hilo, na kila mmoja husifu dude. Mimi nasema sifa ni za yule aliyesimama chini ya matone. Angekuwa mwigizaji wa kutafuta makofi, angetupa jicho la wasiwasi huku na huku, angetuandaa. Huyu alitudanganya kwa kutofanya chochote, na ndiyo maana kifo chake kinauma: amekufa mfanyakazi, tuliyemzoea kwa nusu saa tu.

Mwigizaji yule ni Harry Dean Stanton. Alizaliwa tarehe 14 Julai 1926 huko West Irvine, jimbo la Kentucky, mtoto wa mkulima wa tumbaku aliyekuwa pia kinyozi. Vita Kuu ya Pili alipigana akiwa jikoni: alikuwa mpishi kwenye meli ya jeshi la majini la Marekani iliyokuwa Okinawa. Baada ya vita alisoma Chuo Kikuu cha Kentucky, akaonja jukwaa, akaacha masomo na kwenda California kujifunza uigizaji Pasadena Playhouse. Alifariki Los Angeles tarehe 15 Septemba 2017 akiwa na miaka 91, akiwa ameigiza kwa zaidi ya miaka 60. Filamu zake na vipindi vyake vya televisheni ukivijumlisha vinapita 100 kwa mbali. Hakuwahi hata mara moja kuteuliwa kuwania Oscar.

Kwa miaka mingi ya mwanzo hata jina lake halikuwa kamili. Alikuwepo mwigizaji mwingine aliyeitwa Harry Stanton, kwa hiyo yeye aliandikwa Dean Stanton ili hesabu zisichanganyike. Wangapi katika stelingi wa leo wangekubali kukatwa jina?

Sasa, mtu kama huyu anatokea wapi? Hapa ndipo wengi hutupa neno "kipaji" na kuondoka. Kipaji kipo, sikatai. Ila kipaji cha Stanton kilipata mahali pa kufanyia mazoezi kwa malipo, na mahali penyewe ni sinema za kauboi za televisheni. Chukua kipindi kimoja tu, Gunsmoke. Kilianza mwaka 1955 na kikaendelea hadi 1975, sehemu 635. Msimu wake wa kwanza ulikuwa na sehemu 39, yaani robo tatu ya wiki za mwaka. Polisi wa mji, daktari na mwenye baa ni walewale, lakini kila wiki lazima aje mwizi mpya wa farasi, mlevi mpya, shahidi mpya anayetetemeka, maiti mpya. Na Gunsmoke hakikuwa peke yake. Kulikuwa na Rawhide, Bonanza, Have Gun Will Travel, vyote vikihitaji sura mpya Jumatatu asubuhi. Stanton alipita kote huko, na kwenye Gunsmoke alirudi mara kadhaa, kila mara akiwa mtu mwingine. Sura yake ilikuwa nyembamba, mashavu yamebonyea, macho ya mtu aliyekesha. Kwa waandaaji wa vipindi hivyo hiyo ilikuwa sura ya mhalifu, naye akawa mhalifu kwa miaka zaidi ya 10.

Kazi ya namna hiyo hufundisha mambo ambayo hakuna warsha inayoyafundisha. Unafika asubuhi hujui mtu. Una mistari 6. Unatakiwa saa 5 uwe umemfanya mtazamaji aamini kwamba umeishi mji ule tangu utoto, na saa 10 uwe umekufa vizuri bila kumziba stelingi asionekane. Ukikosea, hawakuiti tena.

Fundisho kubwa, kwa maelezo yake mwenyewe, alilipata kwa Jack Nicholson, rafiki yake ambaye waliwahi kuishi nyumba moja. Nicholson alikuwa ameandika filamu ndogo ya kauboi, Ride in the Whirlwind, iliyoongozwa na Monte Hellman katikati ya miaka ya 1960, akampa Stanton nafasi ya kiongozi wa genge. Akamwambia maneno yenye maana hii: usifanye kitu, nguo ndizo zitakazoigiza, wewe kuwa wewe. Kwa mtu aliyekuwa na miaka 10 ya kujikunja uso ili aonekane mbaya, hilo halikuwa jambo dogo. Stanton aliisimulia habari hiyo mpaka uzeeni.

Lakini tusidanganyike na hilo "kuwa wewe". Waigizaji wetu chipukizi wakilisikia wanadhani ni ruhusa ya kutosoma mistari. Kuwa mwenyewe mbele ya kamera, watu 40 wakikutazama, taa zikikuchoma na mwongozaji akitaka urudie mara ya nane, ni kazi nzito kuliko kulia. Kulia kuna vitunguu.

Mfano ninaoupenda uko katika Straight Time ya mwaka 1978. Dustin Hoffman ni mwizi aliyetoka jela na kushindwa kuishi kihalali. Anakwenda kumtembelea mwenzake wa zamani, Jerry, ambaye ameokoka na ujambazi: ana mke, ana nyumba, ana bwawa la kuogelea, anachoma nyama uani. Stanton ndiye Jerry. Anahudumia wageni vizuri, mkewe yupo, mambo shwari. Mke anaingia ndani kuchukua kitu. Hapo hapo Jerry anamgeukia Hoffman na kumwomba, kwa sauti ya chini na bila kupoteza sekunde, amtoe pale. Basi. Hakuna hotuba kuhusu uchovu wa maisha ya kawaida, hakuna muziki wa kutuelekeza. Kwa ombi moja mtu anageuza bwawa, nyama na nyumba kuwa gereza la pili, na mke anaporudi uso wake umeshatulia.

Filamu hiyohiyo ina jamaa mwingine, M. Emmet Walsh, ambaye ni ofisa wa kuwasimamia wafungwa walioachiwa: mnene, mpole wa uongo, mwenye tabasamu la mtu anayefurahia kukunyima. Hoffman anamfunga pingu kwenye uzio wa barabara kuu, suruali ikiwa chini, magari yanapita. Ukitaka kujua kazi hii ni nini, tazama hao wawili katika mkanda mmoja. Stanton anakupa mtu mwema anayetaka ubaya, Walsh anakupa mtu mbaya anayejiona mwema, na Hoffman, stelingi, anang'aa kwa sababu ya wote wawili. Ni kama namba sita uwanjani: magoli hafungi, lakini mtoe uone.

Mhakiki Roger Ebert wa Chicago aliwaunganisha wawili hao katika kanuni aliyoitunga, kwamba filamu yoyote yenye Stanton au Walsh katika nafasi ndogo haiwezi kuwa mbaya kabisa. Baadaye alikiri kwamba kuna filamu zilizoivunja. Kanuni ni tamu, inanukuliwa kila mahali, lakini mimi siipendi sana. Inawageuza mafundi kuwa hirizi. Tena inaficha ukweli kwamba walicheza filamu mbovu nyingi, na walipaswa kuzicheza, maana kodi ya nyumba haingoji mswada mzuri.

Tazama mwaka mmoja tu wa Stanton, 1984. Alikuwemo katika Red Dawn, filamu ya vijana wa Kimarekani wanaopigana na Warusi msituni, ambamo yeye ni baba aliyeko nyuma ya uzio wa kambi anayewapigia wanawe kelele wamlipizie kisasi. Siwezi kuitetea filamu hiyo mbele ya mtu yeyote mwenye akili zake. Mwaka huohuo alikuwemo katika Repo Man, akiwa mkongwe wa kunyang'anya magari ya watu walioshindwa kulipa mikopo, mwenye falsafa ya kujitungia na pua iliyozoea unga. Na mwaka huohuo, Mei, filamu ya Paris, Texas ilipata tuzo kuu ya tamasha la Cannes, naye akiwa stelingi. Alikuwa na miaka 57. Ilikuwa mara yake ya kwanza kubeba filamu kubwa peke yake.

Nafasi hiyo aliipata baa. Alikuwa Santa Fe, New Mexico, akinywa na mwandishi wa tamthilia Sam Shepard, akamlalamikia kwamba amechoka na nafasi anazopewa, anataka kitu chenye uzuri ndani yake. Shepard alikuwa akiandika mswada kwa ajili ya Mjerumani Wim Wenders. Muda si mrefu akampigia simu.

Paris, Texas inaanza na mtu mwenye kofia nyekundu anayetembea jangwani. Hasemi. Ndugu yake anakuja kumchukua, anamsemesha, anambembeleza, anamgombeza, naye hasemi. Karibu dakika 25 zinapita kabla hatujasikia sauti ya mhusika mkuu, na hatuchoki, kwa sababu mtu yule anasikiliza. Waigizaji wengi wakinyamaza wanangoja zamu yao. Unawaona kabisa wanahesabu. Stanton alikuwa ametumia miaka 30 akinyamaza kando ya watu mashuhuri, na kunyamaza kwake kulikuwa kumekomaa kuliko maneno ya wengi.

Kisha inakuja ile nusu saa ya mwisho. Mhusika wake, Travis, amemtafuta mkewe aliyepotea, akamkuta Houston, kwenye nyumba ambayo wanaume hulipa kukaa katika kijumba na kumtazama mwanamke kupitia kioo cha upande mmoja. Yeye anamwona, mwanamke hamwoni. Wanaongea kwa simu. Nastassja Kinski ndiye mke. Ziara ya kwanza Travis anashindwa. Ziara ya pili anafanya jambo la ajabu: anageuza kiti, anampa kioo mgongo, ndipo anaanza kusimulia. Anasimulia habari za mwanamume fulani na msichana fulani waliopendana mno, wakaishi kwenye nyumba ya magurudumu, wivu ukaingia, pombe ikaingia, mwanamume akamfunga mwanamke kengele mguuni asitoroke. Hasemi "mimi". Sauti haipandi. Anasimulia kama mtu anayesoma barua ya jirani, huku mwanamke upande wa pili akianza kuelewa ni nani anayeongea.

Mtu aliyekuwa stelingi maisha yake yote angeona ni wazimu kugeuza mgongo katika tukio kubwa kuliko yote aliyowahi kupewa. Stanton alikuwa na mazoezi ya kutosha ya kumwachia mwingine taa. Tukio lile ni la Kinski kama lilivyo lake, na halingekuwa na uzito ule kama angelishika kwa mikono miwili.

Baada ya hapo, wanasema waandishi, alirudi kwenye nafasi ndogo. Wanalisema kwa masikitiko, utadhani mtu aliyeshuka cheo. Alikuwa baba asiye na kazi katika Pretty in Pink mwaka 1986, akawa Mtume Paulo kwa Martin Scorsese mwaka 1988, akawa nabii mwongo mwenye wake wengi katika tamthilia ya Big Love ya HBO kuanzia 2006. Mimi sioni kushuka. Naona mtu aliyeitwa kazini kila mwaka mpaka anakufa, wakati stelingi wengi wa 1984 simu zao zilikwisha kunyamaza.

Na mojawapo ya hizo nafasi "ndogo" ni ya dakika chache mno. David Lynch, mwaka 1999, alitengeneza The Straight Story, habari ya kweli ya mzee Alvin Straight aliyesafiri kwa mashine ya kukatia nyasi kutoka Iowa hadi Wisconsin kumwona kaka yake mgonjwa waliyekosana. Filamu nzima ni safari. Kaka tunamsikia anatajwa tu. Mwishoni kabisa anatoka kwenye kibanda chake kibovu akijikongoja, naye ni Stanton. Wanakaa. Kaka anaitazama ile mashine, anauliza kama kweli mwenzake ameiendesha mpaka pale kwa ajili yake. Anajibiwa ndiyo. Macho yake yanajaa. Filamu imekwisha. Aliyekuwa kwenye mashine, Richard Farnsworth, naye alitoka kando: kwa miongo alikuwa mtu wa kuanguka kutoka kwenye farasi badala ya stelingi, na kwa filamu hii aliteuliwa kuwania Oscar akikaribia miaka 80.

Sasa nije kwenye fedha, maana bila fedha haya yote ni ngano. Katika Alien, Brett na fundi mwenzake Parker wana manung'uniko yasiyokwisha: mgawo wao ni mdogo kuliko wa wenzao, na wanataka jambo hilo lizungumzwe kabla ya kazi nyingine yoyote. Watazamaji hucheka. Lakini waigizaji wa nafasi ndogo huko Hollywood walilizungumza kweli, kwa mgomo. Machi 1960 chama chao, kikiongozwa na Ronald Reagan, ndiyo, huyohuyo, kilisimamisha kazi kwa wiki sita. Waliporudi walikuwa wamepata mfuko wa pensheni na matibabu, na haki kwamba filamu zilizotengenezwa kuanzia mwaka huo zikirushwa kwenye televisheni, mwigizaji analipwa tena. Za nyuma ya hapo walizisamehe, na wakongwe wengi walikufa na kinyongo hicho.

Malipo hayo ya marudio ndiyo yaliyowaweka hai akina Stanton. Mwigizaji wa nafasi ndogo anafanya kazi wiki moja na kukaa miezi miwili. Hundi ya marudio, hata ikiwa ndogo, inaziba miezi hiyo miwili. Bila hiyo angekwenda kuuza bima, na miaka 30 baadaye pasingekuwa na mtu wa kumgeuzia Kinski mgongo. Ni kisa na mkasa ulio wazi kabisa, ajabu ni jinsi tunavyokwepa kuuona.

Marekani kwenyewe mpango huo umeanza kuoza. Tamthilia za siku hizi zina sehemu 8 au 10 kwa msimu badala ya 39, na majukwaa ya intaneti hayarushi marudio kwa maana ya zamani. Filamu iko pale tu, siku zote. Mwaka 2023 waigizaji waligoma tena, siku 118, na wengi walionyesha hadharani hundi zao za marudio za senti. Ili kupata bima ya afya ya chama mwigizaji alitakiwa kuingiza zaidi kidogo ya dola 26,000 kwa mwaka kutokana na uigizaji. Stelingi hahangaiki na kiwango hicho. Anayehangaika ni jamaa.

M. Emmet Walsh aliijua hesabu hiyo. Mwongozaji Rian Johnson alisimulia, Walsh alipofariki Machi 2024, kwamba mzee huyo alifika kwenye filamu yake ya Knives Out na vitu viwili. Kimoja ni karatasi yenye orodha ya kazi zake, safu mbili za maandishi madogo zilizojaza ukurasa mzima. Cha pili ni noti za dola 2, akazigawa kwa kila mtu kazini akiwaambia wasizitumie, hapo hawataishiwa kamwe. Alikuwa amepita miaka 80 na bado alitembea na orodha yake mfukoni, kwa sababu bado kuna ambao wangemtazama na kujiuliza, huyu nimemwona wapi?

Hapa kwetu tatizo limegeuzwa kichwa chini. Kule sura inajulikana na jina halijulikani. Kwetu jina la mhusika linamla mwigizaji. Uliza Mkenya yeyote wa umri wangu kuhusu Mzee Ojwang' wa kipindi cha Vitimbi, atakuigia sauti. Muulize Benson Wanjau ni nani. Wanjau, Mkikuyu, alimbeba mzee wa Kijaluo kwenye televisheni ya taifa kwa miongo kadhaa kwa ustadi hata watu wakaapa ni Mjaluo wa damu, na alipofariki mwaka 2015 aliyezikwa kwenye vichwa vya habari ni Ojwang'. Nampa heshima zote. Ila najiuliza mtu mwenye sikio lile na mwili ule angekuwa nani mwingine kama kungekuwa na vipindi vingine 10 vinavyomhitaji: hakimu, mganga, jambazi mstaafu, baba mkwe mwenye siri.

Kuna mfano mkali zaidi, na unahusu mtu mmoja aliyeigizwa na wengi: Idi Amin. Mwaka 1977 televisheni ya Marekani ilionyesha Raid on Entebbe, na Amin alikuwa Yaphet Kotto, mwigizaji mweusi wa New York. Mwaka 1981 ikatoka filamu ya Sharad Patel kuhusu Amin, na safari hii nafasi alipewa Mkenya, Joseph Olita, aliyefanana na Amin mpaka watu wakaogopa. Kotto alimwacha Amin pale pale. Miaka miwili tu baada ya filamu ile ya 1977 alikuwa angani. Yule fundi Parker, mwenzake Brett katika Alien, ndiye yeye. Miaka ya 1990 akawa mkuu wa wapelelezi katika tamthilia ya Homicide, misimu saba. Olita naye aliitwa tena na wakubwa: Mira Nair alipotengeneza Mississippi Masala, iliyotoka 1991, alimtafuta. Amwigize nani? Amin.

Mtu asiniambie Kotto alimzidi Olita kipaji. Huenda, huenda hapana. Hatukuwahi kupata nafasi ya kupima. Kotto alikuwa na mji uliohitaji sura kubwa nyeusi kwa kazi 20 tofauti, ingawa hata huko watu weusi walipigania kila moja, na alikuwa na chama cha kuhakikisha kwamba kila kazi inaendelea kumlipa. Olita alikuwa na sura.

Tamthilia zetu za sasa, Dar na Nairobi, zinatoa fursa ambayo kizazi cha Olita hakikuwa nayo: zinarekodiwa mwaka mzima, sehemu kwa mamia, na kila wiki kunahitajika mwenye nyumba mpya, askari mpya, shangazi mpya kutoka Tanga. Huo ndio mfano wetu wa Gunsmoke, kama tukitaka. Lakini tazama nafasi hizo zinavyojazwa. Shangazi ni binti wa miaka 26 aliyepakwa unga nywelani. Askari ni rafiki wa mwandaaji. Baba mkwe ni mchekeshaji maarufu aliyeletwa ili wafuasi wake waje, akifanya kilekile anachofanya kwenye simu yake. Watu wazima wenye sura zilizoishi, waliopita kwenye vikundi vya maigizo vya miaka ya 1980 na 1990, wako mitaani, na wakiitwa wanalipwa kwa siku, nauli ikiwemo.

Wapo watakaosema soko letu ni dogo, malipo ya marudio ni anasa ya matajiri. Vichekesho vya King Majuto, aliyefariki Agosti 2018, vinatazamwa mpaka leo kwenye simu za watu, na kabla ya kila kimoja tangazo linapita. Tangazo hilo mtu analipwa. Kwa mikataba ya mtindo tuliouzoea, ile ya kulipwa mara moja na haki zote kubaki kwa mwandaaji, anayelipwa si mwigizaji wala warithi wake. Kwa hiyo fedha ya marudio ipo, tunabishana tu ni ya nani. Wizara na vyama vya wasanii wakiitisha kongamano jingine la kukuza vipaji, naomba waanze na kifungu hicho kimoja cha mkataba, na waanze na anayelipwa kidogo kuliko wote kwenye orodha. Stelingi ana wakili wake.